Waya wa Bawa la Kushoto

Aliyelikuta bomu ni fundi bomba, na mtaa mzima umeshamtania mpaka amechoka kucheka. Aliitwa nyumbani kwa mshonaji kubadilisha bomba la maji linalopita chini ya sakafu. Akang'oa mbao, akashuka na sepetu, akachimba, akagonga chuma. Kwa kuwa ni mtu anayeipenda kazi yake, akagonga tena. Mara ya tatu ndipo alipopata wazo la kuinama na kutazama, akaona pezi la bati nene limechomoza udongoni, na pezi la pili pembeni yake. Sepetu aliiacha, kofia aliiacha, na kiatu chake kimoja hadi leo hakijulikani kilipo.

Kesho yake asubuhi mtaa ulifungwa kwa utepe, watu wakahamishiwa shule ya jirani, na mtegua mabomu akashuka kwenye gari la kikosi na mkoba wake begani. Alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye tabia moja iliyowakera wenzake: hakuwa na haraka. Wenzake wakifika kwenye bomu huuliza litatolewaje. Yeye kwanza huuliza limefikaje. Alilala kifudifudi juu ya mbao zilizobaki, akawasha tochi, akatazama, na alipotoka alikuwa na vumbi hadi kwenye kope.

Mshonaji alikuwa akimsubiri kwenye utepe. Shuleni alikataa kwenda. Alikuwa mama mtu mzima, mjane, mwenye macho makali na mdomo usiojua kupumzika, na alikuwa ameketi juu ya kigoda pale askari walipomwekea mpaka, gauni la harusi la mteja magotini, akipiga upindo kana kwamba hakuna kilichotokea.

"Haya, niambie," akasema. "Kwa nini halikulipuka?"

"Sijui bado, mama."

"Utajua lini?"

"Nikishalitazama vizuri."

"Kwani muda wote ule ulikuwa unalitazama vibaya?"

Mtegua mabomu akacheka, akaketi chini kando yake. Katika kazi yake alizoea watu wanaolia, wanaosali na wanaogombana na askari. Wanaouliza walikuwa wachache, na hao aliwapenda.

"Cherehani yangu ilikaa juu yake hasa," mshonaji akaendelea. "Pale pana mwanga wa dirisha. Nimekanyaga pedali juu ya mgongo wake tangu vita vilipoisha. Nusu ya maharusi wa mtaa huu nimewashonea pale. Wanasema kikulacho ki nguoni mwako. Changu kumbe kilikuwa chini ya nguo."

Akaeleza ilivyokuwa. Wakati wa vita vile vya ndugu kwa ndugu, mtaa huu ulikuwa upande wa waasi, na ndege za serikali zilivuka mto kuja kuupiga. Siku nyumba ya jirani ilipoanguka, yeye alikuwa sokoni. Alirudi, akazika, akakimbia na mumewe bila kuingia ndani hata kuchukua sufuria. Waliporudi baada ya vita walikuta tundu kwenye paa na mbao zimevunjika sakafuni. Mumewe akaziba la juu, akapigilia mbao mpya chini. Siku zile tundu kwenye paa halikuwa jambo la kumwuliza mtu. Hakuna nyumba iliyokosa.

"Sasa mimi nilidhani bomu ukiligusa tu linalipuka," akasema.

"Lingekuwa hivyo, nani angekubali kulibeba? Ndege inatetemeka, inaruka matuta uwanjani. Bomu hupakiwa likiwa limelala, mama. Linaamshwa njiani."

"Linaamshwa na nani, na huko angani hakuna mtu?"

"Na upepo."

Mshonaji aliacha kushona. Ndipo mtegua mabomu akachukua kijiti, akamchorea mchangani bomu lenye pua na mkia. Puani pana kiwashio, akasema, kile kijidude kinachoiambia baruti ilipuke, na mkiani pana kingine. Kila kiwashio kina kipangaboi kidogo, hakizidi ukubwa wa kisahani cha kikombe. Vipangaboi vikizunguka kiasi cha kutosha, kufuli la ndani linafunguka na bomu linakuwa macho. Ili visizunguke mapema, hupitishwa waya wa kuvizuia, na waya huo mwenye kitanzi chake hupachikwa kwenye ndoano chini ya bawa la ndege. Bomu likiachiwa, waya unabaki na ndege. Upepo unazungusha vipangaboi, na hapo tena bomu halina urafiki na mtu.

"Kumbe rubani naye anajihurumia," mshonaji akasema. "Na yale makombora wanayoyataja redioni?"

"Kombora lina injini yake na lina jicho. Lingine linafuata joto la injini ya ndege, lingine linafuata mwanga anaolimulikia mtu. Bomu la zamani kama hili lako ni kipofu. Linaanguka tu. Kulenga kote ni kwa rubani, apige hesabu ya kimo chake na mwendo wake na upepo, kisha abonyeze."

"Basi alibonyeza mara mbili." Mshonaji alinyoosha sindano kuonyesha kiwanja cha jirani. Hapakuwa na nyumba pale. Palikuwa na ngazi tatu za saruji zinazopanda kwenda hewani, na kamba ya kuanikia iliyofungwa kutoka mti mmoja hadi mwingine. "Pale alikaa dada yangu na wanawe wawili. Siku moja, ndege moja. Lake liliamka, langu likalala. Kwa nini?"

"Hilo ndilo ninalolitafuta."

"Litafute. Mimi sijamaliza kuuliza."

Mkuu wa kikosi alifika kabla ya adhuhuri. Alikuwa mtu mzuri, lakini alipenda kanuni kama wengine wanavyopenda chumvi. Mtegua mabomu alimwambia alichoona: bomu la ndege, zito kushinda wanaume watatu wanene, limelala kimshazari. Mkia uko wazi. Kipangaboi cha mkiani hakikuzunguka, waya wake ungalimo. Pua imeingia chini ya mawe ya msingi wa ukuta na haionekani.

"Mkia umelala," mkuu akasema. "Na pua?"

"Inategemea aliyelifunga, afande. Kuna waliotumia nyaya mbili, wa pua mbali na wa mkia mbali. Hapo mmoja unaweza kubaki na mwingine ukachomoka. Kuna waliotumia waya mmoja uliokunjwa katikati, ncha moja puani na nyingine mkiani. Ikiwa ni mmoja, mkia ukilala na pua imelala."

"Na huwezi kuona ni upi."

"Mpaka nitoe mawe. Na nikitoa mawe, bomu litasogea."

"Basi kanuni inajulikana. Pua usiyoijua, ichukulie iko macho. Kesho saa nne tunalilipua hapo hapo lilipo." Akatazama nyumba, akashusha sauti. "Yule mama tutamtafutia pa kukaa."

Mshonaji alisikia. Masikio yake yalikuwa mazima kuliko ya mkuu. Hakulia na hakupiga kelele, alikunja gauni la harusi polepole, akaliweka kwenye mfuko, akasema ndani mna kabati la marehemu mumewe na cherehani ambayo haikuwahi kulala nje hata siku moja. Kisha akamwuliza mtegua mabomu, kwa upole uliomchoma kuliko kelele, kama kati ya sasa na saa nne ya kesho mtu anaweza kujua jambo ambalo leo halijulikani.

Kulikuwa na jambo moja ambalo mtegua mabomu hakuwa amemwambia mkuu wala yeye.

Mgongoni mwa bomu, pale pale mawe ya ukuta yanapoanzia, palikuwa na kikuku cha chuma cha kulining'inizia. Waya wa mkia ulifika hapo ukaishia kwenye kitanzi, na kile kitanzi kilifungwa kwenye kikuku kwa waya mwembamba. Waya huo mwembamba ulisokotwa kwa kushoto. Karibu kila fundi duniani husokota kwa kulia. Na ncha yake haikukatwa ikaachwa kuchoma watu. Ilirudishwa ndani ikawa kijipete kidogo kama hereni ya mtoto. Fundo lile alilijua kama anavyojua kikohozi cha baba yake. Ndoo ya nyumbani kwao ilifungwa hivyo mpini. Lango la uani lilifungwa hivyo. Alipokuwa mtoto, begi lake la shule lilipokatika mkanda, lilifungwa hivyo, na wenzake wakamcheka.

Baba yake alikuwa mtu wa mkono wa kushoto, na mtaani kwao aliitwa Mzee Waya. Wakati wa vita alifanya kazi kiwanja cha ndege cha jeshi. Stoo ya matairi, ndivyo alivyowaambia wanawe miaka yote, na nani angebishana na matairi? Binti yake alipojiunga na wategua mabomu, mama alilia, wajomba walikuja kumkanya, na Mzee Waya alisema neno moja tu: "Waya usiuache na ncha." Binti alidhani ni mzaha wa kizee.

Aliwakuta uani mchana ule. Mama yake alikuwa akichagua mchele kwenye ungo, na Mzee Waya alikuwa akifunga mguu wa kiti ambao kila mtu alishauri utupwe.

"Karibu, mama wa mabomu," mama yake akasema. "Umekuja na vumbi la watu mpaka huku. Nawa kwanza."

Hakunawa. Alichukua mpini wa jembe uliokuwa umeegemea ukuta, akamwekea baba yake mapajani, na koleo, na bunda la waya.

"Baba, nifungie bomu."

Mama aliacha kuchagua mchele. Mzee Waya aliutazama mpini muda mrefu, na binti akaona jinsi shingo yake ilivyozeeka. Wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, lakini kwa mzee yule mshindo haukuja. Kilichokuja ni mikono. Ilichukua waya kama inayochukua kitu chake kilichoazimwa, ikaukunja katikati ukawa na kitanzi, ikapeleka ncha moja mwisho huu wa mpini na nyingine mwisho ule.

"Hapa pua, hapa mkia," akasema. "Kitanzi unakipachika kwenye ndoano chini ya bawa. Bomu likienda, ndoano inabaki nacho."

"Waya mmoja?"

"Kikosi chetu mmoja. Kulikuwa na wengine wanaotumia mbili."

Hapo mtegua mabomu angeweza kusimama, akaenda zake kwa mkuu na habari yake. Lakini yeye ni yeye.

"Nililoliona leo, kitanzi hakikuwa cha ndoano. Kilifungwa kwenye kikuku cha bomu lenyewe. Kwa waya mwembamba, umesokotwa kwa kushoto, ncha imerudishwa ndani."

Mzee Waya alikata kipande cha waya mwembamba, akakifunga kitanzi kwenye mpini, akasokota kwa kushoto, akairudisha ncha. Halafu akaweka koleo chini.

"Ukikifunga hapa, bomu linaondoka na waya wake. Upepo ufanye utakavyo, vipangaboi havigeuki. Linaanguka kama gunia la saruji."

"Na mkaguzi hakuona?"

"Mkaguzi alipita akivuta waya kwa kidole aone kama umekaza. Akivuta, umekaza. Umekazwa wapi, hakuwahi kuinama kutazama. Alikuwa na kitambi."

Mama yake alicheka kidogo, akajizuia. Ameishi na mumewe miaka arobaini, na hata yeye alikuwa akiyasikia haya kwa mara ya kwanza.

"Kwa nini, baba?"

"Tulikuwa tunaambiwa ni maghala ya silaha. Siku moja rubani alishuka, akavua kofia, akasema, leo nimeona nguo zimeanikwa. Akasema hivyo tu, akaenda kula. Mimi nikabaki nikifikiria hizo nguo. Kesho yake nikaanza kufunga hivi."

"Mangapi?"

"Ya kwangu," akasema Mzee Waya. "Tangu siku ile, yote yaliyokuwa ya kwangu."

"Baba Watoto," mama akasema, "wale wa kikosi chako wengine wapo hai. Habari hii ikitoka watakuita msaliti, tena mlangoni kwako."

"Wataniita. Nyumba ni ya nani, hiyo iliyo juu yake?"

"Ya mama mmoja mshonaji," binti akasema. "Wasipojua kama pua imelala, kesho nyumba inalipuliwa."

"Mwambie mkuu wako, basi. Mtajie na jina langu. Na hilo bomu, nani atalitoa?"

"Mimi."

Mzee Waya akaurudisha mpini mapajani, akafumba macho, akaanza upya tangu mwanzo, kunja, peleka, rudisha, funga, polepole mno, midomo yake ikicheza kama ya mtu anayehesabu watoto wake gizani. Alipomaliza aliuvuta waya kwa kidole. Jasho lilikuwa limemtoka.

"Mmoja," akasema. "Mwanangu, nina hakika. Mmoja."

Mkuu wa kikosi alisikiliza habari yote akiwa amesimama. Aliuliza mzee ana umri gani. Akaambiwa. Akauliza kama mtu wa umri huo anaweza kukumbuka waya wa wakati ule.

"Nisingekuja kwa aliyoyasema tu, afande. Nimemtazama akifunga."

"Na kama amekosea?"

"Nitakuwa wa kwanza kujua."

Mkuu hakupenda mzaha ule. Lakini alimjua mtu wake, na kanuni yenyewe, aliyoipenda kiasi kile, ilimruhusu aliyeko kwenye bomu aamue akiwa na ushahidi. Alimwuliza mara mbili kama anaamua kwa kichwa au kwa undugu. Alijibu kwamba hajui vinapogawanyika, na mkuu akasema angalau hilo ni jibu la kweli.

Asubuhi mtegua mabomu alishuka peke yake. Aliegemeza bomu kwa mifuko ya mchanga ili lisiteleze, akaanza kutoa mawe ya msingi kwa mkono, kidogo kidogo, akipumzika kila mara kusikiliza. Chini ya sakafu mlikuwa na harufu ya udongo mbichi, na pini za mshonaji zilizodondoka kwenye nyufa za mbao kwa miaka mingi zilikuwa zimetapakaa juu ya chuma, zikimeta kwenye tochi. Alizitoa moja moja. Aliogopa, na aliogopa kitu kimoja zaidi ya kufa, kwamba watu watasema baba yake ndiye aliyemuua.

Kidole chake kikapita kikuku, kikapata waya. Ulikuwa unaendelea mbele. Aliufuata chini ya jiwe, chini ya jingine, umebanwa, umekunjamana, haujakatika, mpaka ukaingia kwenye kipangaboi cha puani kilichopondeka kama kifuniko cha soda. Ungalimo. Akalala pale kidogo shavu likiwa udongoni, akasema "ahsante, baba" kwa sauti, kwa sababu hapakuwa na mtu wa kumsikia. Baada ya hapo ikawa kazi kama kazi nyingine: kutoa viwashio, kuleta winchi, kulipandisha bomu kwenye lori lililojazwa mchanga. Lilipita mtaani taratibu, na watu shuleni wakalipigia makofi wasijue wanampigia nani.

Wiki chache baadaye, sakafu ilipokwisha kupigiliwa na bomba la maji likawekwa na fundi aliyekuja na viatu vilivyofungwa kamba vizuri, Mzee Waya alimwambia binti yake kwamba anataka kuiona nyumba. Binti alijaribu kumzuia. Akaambiwa mzazi haombi ruhusa.

Mshonaji aliwapokea kwa furaha. Alijua tu kwamba mzee huyu ni baba wa mtegua mabomu, na hilo kwake lilitosha kumfanya mgeni wa heshima. Aliwaketisha karibu na cherehani, pale pale. Aliwaonyesha kiraka cha paa, bati jipya kidogo kati ya mabati yenye kutu, na Mzee Waya akainua uso akakitazama hadi shingo ikamwuma.

"Binti yako kaniambia ni waya ulioachwa pasipo pake," mshonaji akasema akimimina chai. "Kuna mtu siku ile alisahau kazi yake. Nimemwombea dua tangu hapo. Mungu amjalie, popote alipo, kwa kusahau kwake."

Binti alitazama kikombe chake. Alikuwa amemwambia hivyo makusudi, ili jambo liishie hapo.

"Hakusahau," akasema Mzee Waya.

Mshonaji aliacha kumimina. Alimtazama mzee, akatazama mikono yake, mkono wa kushoto ndio ulioshika kikombe. Kisha akamtazama binti, ambaye hakuinua macho. Mshonaji si mtu wa kuelezwa jambo mara mbili.

"Ni wewe."

"Ni mimi."

Mshonaji alikaa juu ya kigoda chake. Nje mtu alikuwa akipita na redio. Alipofungua mdomo, sauti yake ilikuwa ile ile ya siku ya kwanza pale kwenye utepe, ya mtu anayetaka kujua.

"Na la kwa dada yangu?"

Mzee Waya alikuwa ameliogopa swali hilo njia nzima, na alikuwa ameshaamua kulijibu.

"Ndege ilibeba mawili," akasema. "Moja kila bawa, na kila bawa na fundi wake. Mimi, kwa mkono huu, walinipa bawa la kushoto. La kulia lilikuwa la mwenzangu. Alikuwa akifunga kama tulivyofundishwa."

"Mwenzako huyo, mlikuwa marafiki?"

"Tulilala chumba kimoja."

"Na hukumwambia."

"Hapana."

"Kwa nini?"

"Niliogopa atanisema. Pengine asingesema. Pengine angefunga kama mimi. Sikumwuliza. Kila ndege ilipoondoka nilijua moja limelala na moja lipo macho. Nilikuwa nikinawa mikono, nakwenda kula."

Mshonaji alisimama, akaenda dirishani. Kupitia hapo zilionekana zile ngazi tatu, na nguo alizoanika mwenyewe asubuhi, zimekauka. Binti alitamani kumshika mkono, akaona si mahali pake.

"Mimi umeniachia nyumba," mshonaji akasema bila kugeuka. "Dada yangu umemwachia ngazi."

Mzee Waya akaweka kikombe chini, akajishika magoti, akainuka kwa shida. Binti naye akainuka, akachukua mkoba. Walikuwa wamefika mlangoni mshonaji alipogeuka, macho yamejaa, na kwa mguu akasukuma kigoda chake mwenyewe kuelekea kwa mzee.

"Unakwenda wapi?" akasema. "Kaa hapo. Sijamaliza kuuliza."

Mzee Waya akarudi, akakaa.